Bomba Liwe Katikati

4 Februari

Mwanangu Kimya,

Nakusalimu kwa mikono miwili, mmoja ukiwa na sindano. Hapa hatujambo. Binamu yako muuguzi amejifungua salama, mtoto wa kike, ana sauti kama king'ora na nywele utadhani kaazima kwa mtu mzima. Mama Vifungo anakusalimu. Bado tunashona meza kwa meza, na bado anaimba nusu ya kila wimbo na kunyamaza pale penye utamu. Cherehani yangu imeharibika tena. Fundi wa cherehani anasema haina ugonjwa wowote, imezoea tu kushikwashikwa. Wewe je, unakula? Usinijibu "nakula" ukaishia hapo. Sema unakula nini.

Jambo lenyewe ni hili. Nataka bafu. Sisemi chumba cha kuogea, hicho ninacho. Nasema lile bafu la kulalia, la kujaza maji ukaingia mzima ukatulia. Napiga pasi nimesimama, nakata vitambaa nimesimama, na tangu nizaliwe naoga nimesimama na ndoo yangu mbele kama mtu anayesubiri kuitwa. Sasa nataka kuoga nimelala.

Wewe unafanya kazi kwenye duka la vitu hivyo, basi nichagulie. Chumba nimekipima kwa futi yangu ya kushonea na vipimo nimeviandika nyuma ya karatasi hii, kama vya mteja. Utaona kwamba kiuno kinatosha lakini urefu ni mdogo. Hata hivyo nataka bafu refu. Najua mimi ni mfupi, usiniulize.

Chumba chako kipo. Asubuhi nafungua dirisha, jioni nalifunga. Kinapakana na hicho cha kuogea, ukuta ni mmoja, lakini hilo unalijua.

Unaweza kuuliza kwa nini sikupiga simu. Simu naitumia kwa wateja na misiba. Bafu linataka karatasi.

Ni mimi shangazi yako, mwenye vidole vizima bado.


21 Februari

Shangazi mpendwa,

Shikamoo. Barua yako ilifika na mikunjo iliyonyooka kama shati la mwanafunzi, nikajua umeipitishia ukucha. Mbusu mtoto wa binamu, mwambie asiache kupiga kelele. Nakula wali, mayai, mboga za majani, na asubuhi ndizi mbili nikisubiri basi. Umeridhika?

Sijawahi kukueleza vizuri mahali ninapofanya kazi. Ni ukumbi mrefu wenye vioo upande wa barabara, na ndani yake mabafu yamepangwa kama watu waliojilaza mchana. Kazi yangu ni kuandika maelezo mafupi yanayobandikwa juu ya kila moja. Nimesoma lugha na falsafa mpaka macho yakaniuma, na sasa naandika "kingo laini, rahisi kusafisha". Silalamiki. Saa ya chakula wenzangu wakishatoka, navua viatu naingia kwenye bafu kavu na kulala. Ukiwa humo magari ya nje yanasikika kama mvua inayonyesha kwenye mtaa wa watu wengine. Mwanga wa vioo unapita juu yako polepole. Unaanza kuhisi maji ambayo hayapo.

Meneja alinikuta juzi. "Unafanya nini humo?"

"Natafuta maneno."

"Yatafute umekaa. Wateja watadhani tunauza majeneza."

Shangazi, niambie kweli, ni mgongo? Au magoti? Mtu haamki tu siku moja akachoka kusimama. Nimekuchagulia bafu fupi la kukaa, lina mlango mdogo pembeni na kishikio cha kujiinulia. Picha yake nimeambatanisha. Linaingia mahali pake bila kugusa ukuta.

Nataka ukuta usiguswe, na bora niseme kwa nini. Mkataba wangu unaisha mwezi wa tisa. Sijui kama nitauongeza. Nikijiuliza nitakwenda wapi, jibu linalokuja ni kitanda kile chini ya dirisha. Hapa nimepanga, hata misumari ya ukutani ni ya mwenye nyumba. Tangu baba na mama waondoke ukanichukua, sijawahi kuwa na mahali pengine pangu duniani isipokuwa chumba kile. Sisemi narudi. Nasema kiwepo.

Wako,
Kimya


14 Machi

Mwanangu,

Salamu ziwe nyingi. Mtoto wa binamu yako amepata jino, au mama yake anasema ni jino, mimi naona ni punje ya wali. Mama Vifungo ameng'olewa lake, kwa hiyo hesabu imebaki palepale. Cherehani imepona kwa siku chache kisha ikalala tena.

Mgongo wangu ni mzima kuliko wako unaojikunja kwenye mabafu ya watu. Magoti pia. Bafu lenye mlango! Mimi ni teksi? Nimekaa na picha ile mezani, nikajiona nafungua mlango, naingia, naketi, nasubiri dereva. Mwenzangu alipoiona alicheka mpaka akakaa chini.

Na mwenzangu ana maoni yake. Anasema bomba la maji liwe katikati ya bafu, ubavuni, lisiwe mwisho. Na ncha zote mbili ziwe na mteremko wa kuegemea. Mimi mwanzo sikuelewa, sasa naona ni wazo zuri. Tafuta la namna hiyo. Na urefu usisahau. Mwenzangu anasisitiza urefu.

Picha hazinisaidii. Hakuna anayekata gauni kwa picha. Niletee paterni. Chukua karatasi kubwa, lilaze bafu juu yake, lizungushie kalamu, ukate, ukunje, utume. Nitaitandika chini nione inavyokaa.

Ulichoandika mwishoni nimekisoma. Chumba kipo. Dirisha nimelifungua leo pia, ndege akaingia, akatembea juu ya kitanda chako kama mkaguzi, akatoka.

Shangazi yako asiye na mlango pembeni


2 Aprili

Shangazi,

Shikamoo, na pole kwa Mama Vifungo. Nafurahi kwamba mgongo ni mzima. Sijui kama naamini.

Paterni hii hapa. Karatasi nimeipata kwenye masanduku yaliyoleta mabafu, nikaiunganisha kwa gundi. Tulilipindua bafu, mimi na muuzaji mwenzangu tunayemwita Msemaji kwa sababu hajawahi kumaliza kusema. Yeye alishika ncha, mimi nikapiga magoti na kalamu. "Mimi nimeuza mabafu miaka yote hii," akasema, "sijaona mtu analipima kama bwana harusi." Nikamwambia shangazi yangu ni fundi cherehani, hanunui kitu mpaka akijaribishe. Akasema basi ana bahati huuzi ndege.

Utaona ni bafu la kati, si lile fupi. Ndilo refu kuliko yote yanayoingia kwenye vipimo vyako. Bomba liko mwisho. Nimekuwa nikiyasikiliza mabafu, shangazi. Ukigonga la chuma linajibu kwa sauti nzito na kuendelea kujibu baada ya wewe kunyamaza, lakini litalinywa joto lote la maji kabla hujakaa, na sakafu yako ni ya zamani. La mawe ya kusaga ni baridi na zuri kama uso wa mtu usiyemjua. La akriliki, ile plastiki ngumu, ni jepesi, linashika joto haraka, na hita yako ndogo italimudu. Nimechagua akriliki.

Kuhusu lile lenye bomba katikati, lipo. Limekaa peke yake karibu na kioo. Ni refu mno kwa chumba chako, na ili liingie itabidi mtu afanye jambo ambalo nilikuomba lisifanywe.

Na samahani, lakini mwenzako anahusikaje? Mama Vifungo nampenda, alinifundisha kufunga kamba za viatu. Lakini yeye ana kwake. Mbona urefu wa bafu letu umnyime usingizi?

Usiku naota chumba kile kimejaa maji hadi dirishani, na mimi nimelala juu ya maji, silowi.

Kimya


6 Mei

Mwanangu,

Usidhani nilinyamaza. Dereva wa basi aliyebeba karatasi yako alisahau kuishusha, ikapita hapa ikaenda mbele, ikarudi imechoka. Hatujambo. Binamu yako ameanza kazi tena, mtoto tunamlea kwa zamu. Akilala kwenye kapu la mabaki ya vitambaa hataki kutolewa.

Paterni niliitandika sakafuni mchana, mlango wazi, tukaijaribu. Nililala mimi kwanza, nikaenea na nafasi ikabaki. Kisha akalala mwenzangu. Miguu ilitoka nje hadi kwenye ndoo. Tukajaribu wote wawili, huyu kichwa huku, huyu kule, na hapo ndipo mambo yalipokuwa mabaya. Goti likaniingia kwapani. Tulicheka mpaka karatasi ikapasuka. Mwanangu, sijui lini mara ya mwisho nimelala sakafuni nikitazama juu. Mchana ulikuwa umetulia, jua limeingia mpaka katikati ya nyumba, na tulikaa pale kwenye bafu la karatasi muda mrefu, kama maji yapo.

Fundi wa ujenzi alipita kwa ajili ya paa. Akagonga ule ukuta kwa kidole, pale, na pale, na pale. Akasema, "Huu haubebi kitu, mama. Umesimama kwa mazoea tu."

Sikuulizi chochote. Nakueleza alivyosema.

Shangazi


19 Mei

Shangazi,

Shikamoo. Mimi sijambo, nakula.

Umegongesha ukuta wangu. Umeandika hukuniuliza kitu, na ni kweli, hukuniuliza. Ukikitaka chumba sema unakitaka. Nilichoshindwa kukielewa ni mwanamke mzima mwenye nyumba yake kuja kulala sakafuni kwetu, apime miguu yake, na kwa sababu ya miguu hiyo mimi nibaki sina pa kurudi.

Humu ndani kuna karatasi ndogo. Mpe Mama Vifungo. Nimeandika kwa adabu.

Kimya


10 Juni

Mwanangu,

Leo sisalimii kwanza, nitasalimia katikati.

Mama Vifungo hakuwa na miwani. Akampa karatasi yako mteja mmoja aliyekuwa amesimama juu ya kigoda, pindo limejaa pini, asiweze kukimbia. Yule dada akasoma kwa sauti ya taarifa ya habari: "Mama Vifungo, shikamoo. Najua unampenda shangazi yangu. Ila bafu ni lake na ukuta ni wetu. Kama unapenda kulala kwenye maji, hata kwako kuna chumba."

Kisha Mama Vifungo akaniuliza, "Mimi nimelala wapi?"

"Kwenye karatasi," nikasema.

"Na nani?"

"Na mimi. Inavyoonekana."

"Mume wangu mwenyewe namsukuma ukutani ananibana, nije nibanane na wewe kwenye karatasi? Mtoto huyu kapatwa na nini huko?"

Dada wa kwenye kigoda akasema, "Sasa aliyelala ni nani?"

Mwanangu, fundi wa cherehani alikuwa chini ya meza yangu na kopo lake la mafuta. Tukasikia kichwa kikigonga mbao. Halafu sauti ikatoka kule chini, polepole, kama mtu anayejibu mahakamani: "Ni mimi."

Mama Vifungo alicheka hadi akashika ukuta. Alisema amejua tangu cherehani ilipoanza kuharibika Jumatatu na Alhamisi tu.

Basi nakusalimu sasa, na nakueleza. Nilidhani nimekwisha kukueleza. Niliandika "mwenzangu", mara tatu kwenye barua moja, nikadhani utahesabu. Nilisahau kwamba miaka yote nilikuwa nikimwita Mama Vifungo neno hilohilo. Ungejuaje? Lugha yetu haivai sketi wala suruali, na mimi nikajificha humo. Nilikuwa naona aibu. Umri huu, mwanamke aliyewashonea wenzake magauni ya harusi yasiyohesabika, anaanza kuandika "mwenzangu" kwa maana nyingine.

Ni mtu mpole. Mke wake alifariki zamani. Ana miguu mirefu ambayo hajui pa kuiweka, ukimkaribisha kiti anaomba radhi kwa kiti. Alisema bomba liwe katikati, na mimi siku hiyo nilijifanya sielewi ili aseme tena.

Ndoa ni mwezi wa nane, watu wachache.

Kuhusu ukuta, nimemrudisha fundi wa ujenzi kwake. Utabaki. Tutaoga kwa ndoo kama tulivyozoea. Mwenzangu ndiye aliyesema. "Mtoto kwanza," akasema. Nikamwambia huyo ana miaka ishirini na sita, anaandika maneno makali, si mtoto. Akanijibu, "Ndivyo nilivyosema."

Shangazi yako, mwenye uso wa moto hata sasa


8 Julai

Shangazi yangu,

Shikamoo mara nyingi. Mwombe Mama Vifungo radhi, na mwenzako mwambie pole ya kichwa.

Nimekaa na barua yako siku nyingi. Nilikuwa najua namna ya kukujibu ukiwa mgonjwa. Maneno nilikuwa nimeshayaandaa, yalikuwa mazuri. Ukiwa na furaha sikujua niandike nini, na hilo limenitia hofu juu yangu mwenyewe.

Jana saa ya chakula nilikwenda kwenye lile bafu lenye bomba katikati. Sikulala. Nilikaa ncha moja, magoti juu, nikaegemea. Upande wa pili hakukuwa na mtu, ila palikuwa na umbo la mtu, mteremko uliosubiri mgongo. Mwanga wa kioo ulikuwa umelijaza bafu mpaka ukingoni. Nikalitazama bomba. Miezi yote nimeandika juu yake "muundo wa kisasa, bomba la pembeni", na sikuwahi kufikiri. Bomba likiwa mwisho, mmoja wa wawili analazimika kukaa na chuma mgongoni. Likiwa katikati hakuna anayepewa upande mbaya. Mtu aliyewaza hivyo kabla hata bafu halijanunuliwa, shangazi, namkabidhi mgongo wako.

Msemaji alinikuta hapo. Kwa mara ya kwanza tangu nimfahamu hakusema kitu. Alikaa ukingoni akamalizia chapati yake.

Nilikwambia chumba kiwepo. Sikufikiri kwamba ili kiwepo lazima mtu awepo wa kukifungulia dirisha kila asubuhi, akifunge jioni, kwa ajili ya mtu ambaye hata hajasema anarudi. Nilitaka mahali pangu pasimame nilipopaacha, na wewe usimame pembeni yake. Umesimama vya kutosha, umesema mwenyewe kwenye barua ya kwanza, na mimi nikakuuliza habari za magoti.

Bafu lile nimeliagiza kwa jina lako. Ni la akriliki, hita yako itaweza, mkilijaza nusu maji yatapanda yenyewe mkiingia. Paterni yake iko ndani ya bomba hili la karatasi, safari hii kipande kimoja, sikuunganisha. Ukiitandika utaona inaanzia kwenye chumba cha kuogea na kuishia kwenye changu, karibu na dirisha. Msiibane. Msiipunguze. Msiweke la kati kwa sababu yangu, nitajua.

Vunja ukuta, shangazi.

Kuna swali nililikaribia hapa nikalifuta. Karatasi imechubuka, utaiona.

Kimya


3 Oktoba

Mwanangu,

Tangu umalize likizo yako hapa ukaondoka, nyumba ina mwangwi. Hatujambo. Mtoto wa binamu yako anatambaa, ameshafika hadi barazani na kukamatwa. Mama Vifungo anauliza kama umemwandikia barua nyingine, anasema wateja wameipenda ile ya kwanza. Cherehani, tangu ndoa, haijaharibika hata mara moja.

Mwenzangu anakusalimu. Bado hujui umwiteje, ameona. Siku zote ulizokuwa hapa ulimwita "Samahani". Samahani, chumvi. Samahani, naomba kupita. Sasa hata mimi namwita hivyo tukiwa wawili, na anaitika.

Umesema huenda utauongeza mkataba. Sawa. Ulisema huku unafunga begi, hukunitazama. Sikukuuliza kwa sababu basi lilikuwa linapiga honi.

Lakini nimeudhika na jambo moja na siwezi kulala nalo. Asubuhi ya kuondoka nilikujazia bafu. Ulikaa humo hadi chai ikapoa. Ukatoka na nywele zinachuruzika, nikakuuliza mlangoni, lilikuwaje? Ukasema, "Zuri." Zuri! Mtu anayelipwa kuyaandika mabafu! Kisha ukapanda basi.

Mimi najua ulikuwa umelala mahali gani. Zamani kitanda chako kilikuwa palepale. Nilikuwekea godoro sebuleni, ukasema linatosha, na kila usiku nilikusikia ukigeuka. Nimejifanya jasiri tangu ulipoandika nivunje, lakini siku ile vumbi lilipotulia nikaona dirisha lako kutoka chumba cha kuogea, nilikaa kwenye ndoo nikalia. Mwenzangu alikaa kwenye ndoo nyingine.

Barua yako ilikuwa na pale palipochubuka. Niliishikilia kwenye mwanga na sikuweza kusoma. Kwa hiyo nauliza mimi. Hapa bado ni kwenu? Au nimepageuza kwangu tu?

Usinijibu neno moja.

Shangazi


20 Oktoba

Shangazi,

Shikamoo. Msalimie Samahani. Nimemtafutia jina njia nzima na hilo ndilo lililobaki, kama halichukii tuliache.

Nilisema "zuri" kwa sababu lingine lisingetoka mlangoni, tena basi likipiga honi. Sasa nakaa nakueleza.

Nilipoingia maji yalikuwa ya moto kidogo kuliko ninavyopenda, ukijaza wewe huwa hivyo. Sikukaa upande wowote kati ya ile miwili. Nililala katikati, kichwa kwenye mteremko mmoja na miguu haikufika kwenye mwingine, na bomba likawa usawa wa mkono wangu. Nilifumba macho kwanza. Nilikuwa naogopa kutazama.

Nilipofumbua niliiona dari yangu. Sikuwa nimefikiria dari, shangazi. Nilifikiria ukuta, kitanda, dirisha, vitu vya kupoteza. Dari hakuna aliyeivunja. Lile doa la unyevu lenye umbo la mwanamke aliyebeba kapu lilikuwa juu yangu kabisa, mahali lilipokuwa nikiwa na homa, nikiwa na mitihani, nikiwa na miaka sita na sijui nimeletwa kwa nani. Nilikuwa nimelala palepale. Maji tu ndiyo yalikuwa mapya.

Nikazamisha masikio. Nyumba ikasogea mbali, kisha ikarudi kupitia maji, ikiwa karibu zaidi. Nilisikia mkasi wako ukikata kitambaa juu ya meza, ule mkato mrefu usiosita. Nilisikia mtu mwenye miguu mirefu akigonga kitu jikoni na kukiomba radhi. Nilisikia mkisemezana kuhusu mimi, maneno hayakufika, sauti tu, yako nyembamba na yake nzito. Hivyo ndivyo watoto wanavyosikia wazazi kutoka kitandani, nadhani. Mimi nilikulia kwenye nyumba yenye sauti moja. Sikujua ya pili inasikikaje kupitia mahali ulipokuwa ukuta wangu.

Nikakaa humo. Mwanga ulipanda kutoka majini ukacheza darini, juu ya mwanamke na kapu lake, akawa kama anatembea. Sikufikiri kitu. Unanijua, hilo halijawahi kutokea.

Mkataba niliuongeza siku iliyofuata. Niliweza, kwa sababu sikuwa tena natafuta pa kukimbilia. Mwezi wa pili nitakuja. Godoro la sebuleni ni baya sana, nilisema linatosha kwa adabu, tafuteni jingine.

Umeuliza kama ni kwetu. Ulishaniuliza asubuhi ileile, sema hukujua kwamba umeuliza, na mimi nilikujibu, sema nilikuwa na maji masikioni na sijui kama sauti ilitoka. Chai ilikuwa imepoa. Ulikuja ukagonga mlango kwa kidole ulichokikunja, ukaita, "Umo?"

Nimo, shangazi.

Mwanao